Jipikie Windows mwenyewe: flashi nyepesi isiyo na mkono wa mtu usiyemjua

Kwa karibu miaka minne nilikuwa na flashi moja nyeusi kwenye droo ya meza yangu ya kazi. Ilibandikwa plasta iliyoandikwa kwa kalamu: W10 LITE. Nilipewa na fundi mwenzangu, naye alipewa na mwingine, na yule wa mwanzo aliishusha mahali ambapo hakuna kati yetu aliyewahi kupauliza. Mteja akija na kompyuta inayokokota, "Fundi, nipigie Window nyepesi," namjibu, "Sawa mama, pitia saa kumi." Nachomeka flashi, nakunywa chai, kazi imekwisha. Hakuna masasisho yanayokula bando, hakuna swali la akaunti, hata leseni ilikuwa imejiamilisha yenyewe.

Siku moja mteja wa zamani, mama anayetunza hesabu za duka la vifaa vya ujenzi, alirudi akisema ile ngao ya Windows Security haifunguki. Nikadhani ni jambo dogo. Nilipoiuliza mashine ni mahali gani Defender, antivirasi ya Windows yenyewe, ameambiwa asipakague, ikanijibu C:\. Diski nzima. Jioni nikajaribu laptopu ya nyumbani niliyoipiga kwa flashi ileile. C:\. Labda aliyeipika alitaka tu akitiveta yake, ile programu ya kuamilisha Windows bila leseni, isikamatwe. Labda alitaka zaidi. Sikuwa na njia ya kulijua hilo, na mashine zenye mkono wake ndani zilikuwa zimetapakaa mtaani kwa jina langu, si lake.

Tangu hapo najipikia. Windows nyepesi inawezekana, draiva kuwa ndani tayari inawezekana, na kusakinisha bila kuulizwa maswali ishirini kunawezekana, yote kutoka kwenye faili la Microsoft lenyewe. Unahitaji kompyuta moja unayoiamini, nafasi ya GB 40 hivi kwenye diski yake, flashi ya GB 16, na jioni moja. Zana zenyewe zimo ndani ya Windows tayari au zinapatikana bure.

Kwanza tuelewane kuhusu zile "lite"

Soma tangazo la ISO (faili moja lililobeba kisakinishi kizima) yoyote ya mtaani: masasisho yamezimwa, Defender imeondolewa, imeamilishwa tayari. Halafu usome tena kwa jicho la mwizi. Angekuwa na nafasi ya kukuomba mambo matatu, angeomba hayohayo.

Desemba 2022 kampuni ya usalama ya Mandiant ilieleza kuhusu mafaili ya ISO ya Windows 10 yaliyowekwa kwenye torenti, yakiwa na lugha ya Kiukreni, na waliolengwa walikuwa watu wa serikali ya Ukraine. Ndani ya mafaili hayo masasisho ya kujiendesha yalikuwa yamezuiwa, taarifa zinazokwenda Microsoft zimekatwa, na ukaguzi wa leseni umezimwa. Mtumiaji wa kawaida angeyaona kuwa ni "lite" nzuri kabisa. Kilichoongezwa ni kazi za ratiba zilizokuwa zikivuta amri za PowerShell kutoka nje. Hayakuiba pesa. Yalipeleleza kwanza, kisha waliofaa ndio walioongezewa programu nyingine za ujasusi.

Juni 2023 kampuni ya Dr.Web ikaeleza kisa kingine, safari hii cha pesa. ISO za Windows 10 za torenti zilikuwa na programu inayojificha kwenye patisheni ya EFI, ile ndogo inayowasha mashine, ambayo watu hawaifungui na programu nyingi za kuzuia virusi haziitazami. Kazi yake ilikuwa kuchungulia unachonakili. Ukinakili anwani ya pochi ya sarafu za kidijitali, inaibadilisha kuwa anwani ya mwizi kabla hujabandika. Dr.Web walihesabu karibu dola 19,000 zilizokwisha kuibwa hivyo.

Lakini kisa kinachonigusa zaidi ni cha China, mwaka 2015, maana kinafanana na maisha yetu ya bando. Watengenezaji wa programu za iPhone waliona kushusha Xcode, zana yao ya kutengenezea programu hizo, kutoka Apple kunachukua muda mrefu mno, wakaichukua kwenye hifadhi ya ndani ya Baidu ambako mtu alikuwa ameipakia upya. Ile nakala ilikuwa inapenyeza msimbo wake kwenye kila programu iliyotengenezwa nayo. Ikaitwa XcodeGhost. Toleo mojawapo la WeChat lilinaswa. Wale hawakuwa wakitafuta kraki. Xcode ni ya bure. Walikuwa wanakimbia intaneti ya polepole, kama yule fundi wa kwanza kwenye mnyororo wa flashi yangu.

Usifikiri antivirasi itakuokoa hapo. Kisakinishi hufanya kazi kabla antivirasi haijazaliwa kwenye mashine hiyo, na kina mamlaka yote. Hata ukitaka kulipeleka faili VirusTotal, kikomo chao ni MB 650, na ISO ya Windows inazidi GB 5.

Si kila anayepunguza Windows ni mhalifu, niseme hilo pia. Anayejiita NTDEV, aliyetengeneza tiny11, alitoa pia hati ya amri iitwayo tiny11builder: unaipa ISO yako halali, inapunguza mbele ya macho yako. Hapo kuna tofauti kubwa. Mapishi yaliyoandikwa nitayasoma mstari kwa mstari. Chungu kilichofunikwa siwezi. Ukipenda kutumia hati kama hiyo, isome kwanza. Mimi hapa nitakuonyesha kwa mkono, ili hata ukiisoma uielewe.

Hatua ya 1: Ijue mashine

Windows 10 iliacha kupewa masasisho ya kawaida tarehe 14 Oktoba 2025. Kuna nyongeza ya mwaka mmoja kwa watumiaji wa nyumbani waliojiandikisha, hadi Oktoba 2026. Kwa hiyo flashi mpya ya kazi ni ya Windows 11, na Windows 11 inataka TPM 2.0 (chipu ya usalama), Secure Boot (ulinzi wa wakati wa kuwaka), RAM ya GB 4, diski ya GB 64, na kwa upande wa Intel prosesa ya kizazi cha 8 kwenda juu. Andika tpm.msc kwenye Run uone kama TPM ipo; mashine nyingi zinayo ila imezimwa kwenye BIOS.

Angalia pia leseni. Laptopu iliyotoka kiwandani na Windows 8 au zaidi kwa kawaida huwa na ufunguo wake ndani ya BIOS. Fungua PowerShell kama msimamizi:

(Get-CimInstance SoftwareLicensingService).OA3xOriginalProductKey

Ikikupa herufi na namba, mashine hiyo ina leseni, na ukisakinisha toleo lilelile, Home kwa Home au Pro kwa Pro, itajiamilisha ikipata intaneti, mradi ilitoka na Windows 10 au 11; funguo za Windows 8 Microsoft iliacha kuzikubali kwa Windows 11 mwaka 2023. Nimeona mitumba mingi ya HP na Dell imewekewa akitiveta wakati ufunguo halali umelala ndani yake miaka yote. Mtu anaiba chakula kilichokuwa kwenye kabati lake.

Kabla hujagusa chochote, hamisha data ya mteja, na ukikuta BitLocker (kufuli la Windows linaloficha data ya diski) imewashwa pata ufunguo wake wa kufungulia kwanza. Bila huo, data imekwenda.

Hatua ya 2: Shusha kutoka kwa mwenyewe, kisha hakiki

ISO ya Windows 11 iko kwenye ukurasa wa upakuaji wa microsoft.com. Chagua ISO ya x64, chagua lugha, utapewa kiungo kinachodumu saa 24. Kwa intaneti ya simu, tumia programu ya kushusha inayoweza kuendelea pale ilipokatikia, na uwashe usiku ukiwa na bando la usiku. Ukishaishusha mara moja itakutumikia miezi. Ndilo bando utakalolipa na si zaidi.

Faili likishashuka, lipime:

Get-FileHash D:\Win11.iso

Utapewa namba ndefu ya SHA-256, yaani alama ya kidole ya faili hilo. Ilinganishe na ile iliyo kwenye jedwali la ukurasa uleule wa Microsoft, mstari wa lugha uliyochagua. Herufi moja ikitofautiana, faili limeharibika njiani au si lenyewe. Angalizo moja: ISO iliyotengenezwa na Media Creation Tool haitalingana na jedwali, kwa sababu zana hiyo huliunda faili papo hapo kwenye kompyuta yako. Ukitaka kuhakiki, chukua ISO ya moja kwa moja.

Kwa wanaoshusha Linux, namba peke yake haitoshi. Tarehe 20 Februari 2016 tovuti ya Linux Mint yenyewe iliingiliwa, na kiungo cha Mint 17.3 Cinnamon kikaelekezwa kwenye ISO yenye mlango wa nyuma. Watu walishusha kutoka tovuti halali wakaambukizwa. Anayeweza kubadilisha kiungo anaweza kubadilisha na namba iliyoandikwa kando yake. Ndiyo maana Mint, Debian na Ubuntu hutoa pia sahihi ya GPG, saini ya kidijitali ya watengenezaji wenyewe, na hiyo haighushiwi kwa kuvamia ukurasa tu.

Hatua ya 3: Fungua sanduku

Bofya ISO mara mbili ifunguke kama diski, kisha nakili kila kilichomo kwenda C:\win. Ndani ya folda la sources kuna mafaili mawili yanayotuhusu. boot.wim ni kile kiwindows kidogo kinachowaka kwenye flashi ili kuendesha usakinishaji. install.wim ni Windows yenyewe, imekunjwa, mara nyingi matoleo kadhaa ndani ya faili moja. Yaorodheshe kwa Command Prompt ya msimamizi, ukitumia dism, zana ya Windows ya kufungua na kuhariri mafaili haya:

dism /Get-WimInfo /WimFile:C:\win\sources\install.wim

Kila toleo lina namba. Tuseme unataka Pro na umeiona ni namba 6 (usiniamini mimi, soma orodha yako). Toa hiyo peke yake, faili linapungua na kazi inakuwa nyepesi:

dism /Export-Image /SourceImageFile:C:\win\sources\install.wim /SourceIndex:6 /DestinationImageFile:C:\win\pro.wim /Compress:max /CheckIntegrity

Futa install.wim ya zamani, hamishia pro.wim ndani ya sources na uipe jina install.wim. Ukikuta install.esd badala ya install.wim, amri ileile inaibadilisha. Ukaguzi wa namba pia ni uleule. Na kama baadaye mfumo unakukatalia kwa madai kwamba huna ruhusa, ni kwa sababu faili limebaki na alama ya kusomwa tu kutoka kwenye ISO. Iondoe:

attrib -r C:\win\sources\*.wim

Sasa lipachike kwenye folda tupu:

mkdir C:\mnt
dism /Mount-Image /ImageFile:C:\win\sources\install.wim /Index:1 /MountDir:C:\mnt

Namba sasa ni 1, kwa kuwa limebaki toleo moja. Ukifungua C:\mnt utaona Windows nzima imelala mbele yako, haijawaka. Kila unachokibadilisha hapa kitakuwa kwenye kila mashine utakayoipiga, kwa hiyo nenda taratibu.

Hatua ya 4: Punguza kwa akili

dism /Image:C:\mnt /Get-ProvisionedAppxPackages

Hii inatoa orodha ya programu zinazokuja na kila akaunti mpya. Michezo ya karata, habari za Bing, Xbox, Clipchamp, kile kitangazo cha Office: nakili jina refu la kifurushi usichokitaka, kisha

dism /Image:C:\mnt /Remove-ProvisionedAppxPackage /PackageName:jina_refu_hapa

Hapa ndipo mafundi wengi wanapopotea, nami nilipotea. Utamu wa kuondoa ukikukolea, unaanza kung'oa vitu ambavyo huvijui. Usiondoe Store, maana programu nyingine hutegemea ije ikazisasishe. Usiondoe vifurushi vyenye majina VCLibs na UI.Xaml; hivyo ni misingi ambayo programu nyingine zinasimama juu yake. Usiondoe SecHealthUI, ndiyo ile ngao iliyokuwa haifunguki kwa mama wa hesabu. Defender na Windows Update usiviguse kabisa. Kama tatizo ni bando, baada ya kusakinisha weka mtandao wa mteja kuwa metered, yaani mtandao wenye bando la kuhesabiwa. Masasisho mengi yatasubiri yeye aamue, na mlango utabaki na komeo.

Niseme pia jambo ambalo wauzaji wa "lite" hawalisemi. Kuondoa programu hizi kunapunguza takataka na nafasi, lakini kompyuta inayokokota kwa dakika tano ikiwaka mara nyingi haikokoti kwa sababu ya Xbox. Inakokota kwa sababu bado ina diski ya kuzunguka. Weka SSD, hata ile ndogo ya GB 128, na Windows kamili itaishinda "lite" yoyote iliyo kwenye diski ya zamani. Mwambie mteja hivyo kabla hajakulipa.

Hatua ya 5: Tia draiva

Hii ndiyo faida kubwa kuliko zote, na ndiyo sababu hasa ya mimi kuendelea kutengeneza flashi zangu. Kwenye mashine ya aina ileile inayofanya kazi vizuri, toa draiva zake:

dism /Online /Export-Driver /Destination:D:\draiva

Kisha zitie kwenye Windows iliyopachikwa:

dism /Image:C:\mnt /Add-Driver /Driver:D:\draiva /Recurse

Draiva za mtandao zikiwamo, mashine ikiwaka tu Wi-Fi ipo, nyingine itajitafutia. Usichukue draiva kwenye zile programu za "draiva zote ndani ya DVD moja". Ni mtego uleule tunaoukimbia. Chukua kwenye mashine yenyewe au kwenye tovuti ya mtengenezaji.

Kuna shida moja inayowatoa mafundi jasho: laptopu za Intel za kizazi cha 11 na kuendelea, unafika kwenye kuchagua diski, orodha iko tupu. Diski ni nzima. Kisakinishi hakiioni kwa sababu iko nyuma ya kidhibiti cha diski cha Intel kiitwacho VMD. Dawa ni draiva ya Intel Rapid Storage, iliyofunguliwa hadi uone faili la .inf (lile la .exe halisaidii hapa), na lazima iingie pia kwenye boot.wim, maana huyo ndiye anayetafuta diski. Malizia kwanza install.wim kama inavyoelezwa hapa chini, kisha pachika boot.wim kwa namba 2, tia draiva, funga.

Kufunga ni hivi. Ondoka kwenye madirisha yote yaliyofungua C:\mnt, halafu:

dism /Unmount-Image /MountDir:C:\mnt /Commit

Ukiharibu na unataka kuanza upya, weka /Discard mahali pa /Commit. Umeme ukikatika katikati, na kwetu utakatika, amri ya dism /Cleanup-Mountpoints inafagia mabaki.

Hatua ya 6: Faili la majibu

Windows ikikuta faili linaloitwa autounattend.xml kwenye mzizi wa flashi, inalisoma na kuacha kukuuliza kilichokwisha kujibiwa humo: lugha, kibodi, saa, jina la mashine, akaunti. Linatengenezwa kwa Windows System Image Manager iliyo ndani ya ADK, furushi la bure la Microsoft. Rufus nayo, zana ya kuandalia flashi, inaweza kukuandikia fupi lenyewe ukiweka alama kwenye visanduku vyake.

Saa ndiyo watu wanayokosea. Kwa Tanzania, Kenya na Uganda jina ambalo Windows inalifahamu ni E. Africa Standard Time. Kwa Burundi, Rwanda na mashariki ya Kongo andika South Africa Standard Time, na kwa aliye Muscat ni Arabian Standard Time. Andika kama lilivyo, na nukta yake. Ukibadilisha herufi usakinishaji unaweza kusimama na kosa.

Nenosiri usiliandike humo. Hata pale linapoonekana limefichwa ni Base64 tu, namna nyingine ya kuandika herufi zilezile, na yeyote anayeokota flashi atalifungua kwa dakika moja.

Na kuna mstari mmoja unaoitwa WillWipeDisk. Ukiuandika true, kisakinishi kinafuta diski bila kuuliza mtu. Niliwahi kuuweka kwa ajili ya kupiga mashine kumi na mbili za ofisi moja, ikawa raha tupu. Wiki iliyofuata flashi ileile nikaisahau kwenye laptopu ya kijana aliyeleta tu kubadilishiwa kibodi. Nikaiwasha nijaribu herufi. BIOS yake ilikuwa inaanza na flashi. Nilipogeuka kutoka kwa mteja mwingine, Windows mpya ilikuwa asilimia 40, na picha za harusi ya dada yake hazikuwapo tena. Leo sehemu ya kuchagua diski naiacha wazi niijibu kwa mkono. Ni mibofyo mitatu tu.

Hatua ya 7: Jaribu kwanza, ndipo uende kwa mteja

Kutoka kwenye folda la C:\win unaweza kutengeneza ISO kwa oscdimg, nayo imo kwenye ADK:

oscdimg -m -o -u2 -udfver102 -bootdata:2#p0,e,bC:\win\boot\etfsboot.com#pEF,e,bC:\win\efi\microsoft\boot\efisys.bin C:\win C:\win11-yangu.iso

Iwashe kwanza kwenye mashine pepe, yaani kompyuta ya kuigiza ndani ya kompyuta yako. VirtualBox kuanzia toleo la 7 ina TPM ya kuigiza, kwa hiyo Windows 11 inakubali. Sakinisha hadi mwisho, fungua Store, fungua Windows Security, ruhusu masasisho yapite. Vyote vikifanya kazi, iandike kwenye flashi kwa Rufus, uliyoishusha kwenye tovuti yake yenyewe.

Wanaonakili kwa mkono kwenye flashi ya FAT32 watakutana na ukuta: FAT32 haipokei faili la zaidi ya GB 4. Basi ligawe:

dism /Split-Image /ImageFile:C:\win\sources\install.wim /SWMFile:C:\win\sources\install.swm /FileSize:3800

Nakili vipande vya .swm, liache .wim. Kisakinishi kinavijua.

Kuhusu mashine za zamani zisizo na TPM: Rufus ina kisanduku cha kuondoa sharti hilo, na kinafanya kazi. Ila Microsoft haiihesabu mashine hiyo kuwa inayotegemezwa. Haitoi ahadi ya masasisho, na matoleo makubwa ya kila mwaka kwa kawaida utayapandisha mwenyewe kwa mkono. Tena kuna mpaka usiorukika: kuanzia toleo la 24H2 Windows inahitaji maagizo ya prosesa ya SSE4.2 na POPCNT, kwa hiyo Core 2 Duo haitawaka hata uipambe namna gani. Mashine za namna hiyo naziwekea Linux Mint na LibreOffice. Wengine wananuna wiki ya kwanza.

Na ISO uliyoipika usiipakie mtandaoni wala kuiuza. Leseni ya Microsoft haikuruhusu, na ukiisambaza wewe ndiye unakuwa yule mtu wa mwanzo wa mnyororo ambaye hakuna anayemjua. Mwenzako akiitaka, mpe orodha ya amri.

Kama tayari umeshapigiwa ya mtaani

Fungua PowerShell kama msimamizi uulize maswali haya moja moja:

Get-MpPreference | Select-Object Exclusion*
Get-Service wuauserv, WinDefend
net localgroup Administrators

La kwanza likikujibu C:\ au folda la Windows, umepata jibu. La pili likisema huduma (ya Windows Update au ya Defender) haipo kabisa, mtu ameing'oa. La tatu likionyesha jina la msimamizi usilolijua, usiendelee kutumia mashine hiyo kwa benki. Fungua pia faili la hosts kwenye C:\Windows\System32\drivers\etc uone kama kuna tovuti za Microsoft au za antivirasi zilizogeuzwa njia.

Kisha ichungulie patisheni ya EFI, kwa Command Prompt ya msimamizi:

mountvol S: /S
dir S:\EFI /s

Folda za Microsoft, Boot na la mtengenezaji wa mashine ni za kawaida, na mafaili yenye .efi ndiyo wenyeji wa pale. Faili la .exe humo si mwenyeji. Usitegemee majina yakupe jibu: yule mwizi aliyeelezwa na Dr.Web aliita faili lake kd_08_5e78.dll, likafanana kabisa na mafaili halali ya Windows yanayokaa jirani. Ukimaliza, mountvol S: /D.

Hata kama hukuona kitu, hilo si cheti cha usafi. Mimi sisafishi mashine ya namna hii, naianza upya. Hamisha nyaraka na picha tu, tengeneza flashi kwenye kompyuta nyingine iliyo safi, washa nayo, na kabla ya kuchagua diski bonyeza Shift na F10. Andika diskpart, list disk, select disk na namba ya diski ya ndani (tazama ukubwa wake mara mbili, usichague flashi), kisha clean. Hiyo inaondoa patisheni zote, na ile ya EFI ikiwamo. Kuumbiza C: peke yake kunaiacha pale ilipo. Nywila za barua pepe na benki zibadilishe ukiwa kwenye simu au kifaa kingine, si kwenye mashine hiyo kabla haijapigwa upya.

Mteja atakuomba umwachie D: yake kwa sababu "kule kuna vitu vyangu tu." Ifungue mkiwa wote wawili. Picha zihamishe, mahesabu yahamishe. Lile folda linaloitwa SOFTWARE, lenye akitiveta ya mwaka 2019 na maelezo ya kuzima antivirasi kwanza, muulize kama analihitaji, kisha mweleze kwa nini hulinakili.